Leseni ya udereva haianzii dirishani TRA

Kijana anayeulizia leseni ya udereva mtaani Dar es Salaam hutajiwa bei mbili. Ya kwanza ni ya serikali, na hesabu yake ni nyepesi: shilingi 10,000 za leseni ya kujifunzia, 3,000 za mtihani wa polisi na 70,000 za leseni yenyewe, ambayo hudumu miaka mitano. Ya pili ni ya kishoka. Hiyo haina kiwango. Hupanda na kushuka kufuatana na haraka ya mteja, na maneno yake ni yaleyale kila siku: nipe namba yako ya NIDA na hela, mengine niachie mimi, darasani huna haja ya kwenda.

Makala haya ni kwa ajili ya yule aliyetajiwa bei ya pili na ameanza kushawishika. Hela atakayompa kishoka ni hasara, lakini hasara kubwa zaidi ni zile wiki za kukaa na mwalimu pembeni ambazo hatazipata. Wiki hizo ndizo zinazomlinda mwanafunzi wa darasa la pili anayevuka barabara Mbagala saa kumi na mbili asubuhi, begi mgongoni. Nitaeleza utaratibu jinsi ulivyo Tanzania Bara. Zanzibar wana utaratibu wao.

Mambo yote huanzia kwenye Kitambulisho cha Taifa. Namba ya NIDA ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku uliyozaliwa. Kwa hiyo umri wako unaonekana kabla hujaulizwa, na asiyefikisha miaka 18 hapewi leseni ya gari. Kadi ikiwa haijatoka, namba inatosha kukuanzisha. Kinachowakwamisha watu wengi ni majina. Cheti cha kuzaliwa kinasema hivi, cheti cha shule kinasema vile, NIDA nako karani aliruka herufi moja na mwenyewe hakuangalia siku ile. Ukiwa hivyo, lirekebishe jina kwanza NIDA, hata likikuchelewesha, kwa sababu kila karatasi inayofuata italibeba jina lililoko pale. Dereva ambaye jina la leseni halifanani na la kitambulisho atasumbuka kwa trafiki, kwa mwajiri na kwa kampuni ya bima.

Kutoka hapo unaomba namba ya mlipakodi, yaani TIN. Inatolewa na Mamlaka ya Mapato, TRA, bila malipo, hata kwa mtu asiye na biashara. Akikutoza mtu, amekuibia. Wapo wanaoiogopa wakidhani kesho watadaiwa kodi ya duka wasilokuwa nalo. Ukiiomba, eleza kwamba ni kwa ajili ya leseni ya udereva na si ya biashara, na uhakikishe imeandikwa hivyo.

Halafu inakuja leseni ya kujifunzia, daraja H, ya miezi mitatu. Hii ndiyo inayorukwa kuliko zote. Vijana wengi hujifunza kwa kaka au kwa bosi, jioni, kwenye uwanja wa mpira, bila karatasi yoyote mkononi. Wakishajua kuondoa gari na kulirudisha nyuma, wanaingia barabarani. Ukimgonga mtu katika hali hiyo, mbele ya sheria wewe ni mtu aliyeendesha bila leseni, basi. Leseni ya kujifunzia inakuruhusu kushika usukani barabarani ukiwa na mwalimu kando yako na alama ya L mbele na nyuma ya gari, ili wenzako wajue wakupe nafasi.

Shule ya udereva ichague kwa macho yako. Uliza usajili wao, tazama magari yao, na zaidi ya yote uliza utashika usukani saa ngapi kwa wiki na mko wanafunzi wangapi kwenye gari moja. Zipo shule ambazo wanafunzi sita hupakiwa gari moja, kila mmoja akaendesha dakika kumi, na siku ikahesabiwa imekwisha. Shule nzuri utaitambua siku ya kwanza, kwa sababu siku hiyo huendeshi. Mwalimu anafungua boneti na kukuonyesha panapotazamwa maji, panapopimwa oili, panapowekwa mafuta ya breki. Anakuzungusha gari zima ukague matairi kwa mkono, na unaambiwa uguse ubavu wa tairi kutafuta uvimbe na mpasuko. Anakukalisha kwenye kiti, anakurekebishia saidimira, anakuuliza unaona nini na huoni nini. Sehemu ile usiyoiona, mahali ambapo bodaboda huwa, unaijua kabla ya kuwasha injini.

Siku zinazofuata ni za klachi. Mwanafunzi anafundishwa kuiachia polepole mpaka gari litetemeke, ashikilie hapohapo, ndipo aongeze moto. Kisha anapelekwa mlimani. Gari linasimamishwa katikati ya kilima, breki ya mkono imevutwa, nyuma yake kuna gari jingine. Aondoke bila kurudi nyuma hata shubiri moja. Wengi hutokwa jasho hapo, na mwalimu mwenye subira huwarudisha palepale mpaka mguu uelewe. Aliyenunua kadi hajawahi kusimama kwenye kilima kile na mtu wa kumsaidia. Atasimama peke yake siku ya mvua, abiria wakiwa ndani.

Alama za barabarani nazo zinafundishwa darasani, na zisidharauliwe. Pembetatu yenye ukingo mwekundu inakuonya. Duara linakuamrisha au kukukataza. Ukishalijua hilo, hata alama ambayo hujawahi kuiona itakueleza nusu ya jambo kwa umbo lake tu. Pamoja nazo kuna mwendo: kilomita 50 kwa saa kwenye makazi ya watu na 80 kwa mabasi ya abiria na magari mazito. Na kuna kivuko cha waenda kwa miguu, mahali ambapo dereva ndiye anayesimama. Narudia hili kwa sababu ukikaa dakika chache kwenye pundamilia yoyote ya jiji letu utaona mtembea kwa miguu akikimbia na gari likipiga honi.

Macho yapimwe kweli. Kupima ni jambo la dakika chache: unasimama mita sita kutoka kwenye chati, unaziba jicho la kulia, unasoma, unaziba la kushoto, unasoma tena. Wako watu wazima wanaogundulia hapo kwamba jicho moja halioni mbali, na miwani ikawatosha. Hakuna fedheha katika hilo. Kuchukua fomu yenye muhuri bila kusimama mbele ya chati ni kujidanganya, maana usiku kwenye barabara ya Chalinze, lori likiwa limeharibika bila taa, muhuri hautakuonyesha lori.

Sasa ndipo unakwenda polisi, kwa Kikosi cha Usalama Barabarani. Unalipia mtihani, na mkaguzi wa magari anakuuliza maswali ya alama na sheria, kisha anaingia nawe barabarani. Haangalii kama unaendesha kwa mbwembwe. Anaangalia kama umefunga mkanda kabla ya kuwasha, kama umetazama kioo kabla ya kuonyesha indiketa, kama umepunguza mwendo kabla ya kona na si ndani ya kona. Ukishinda unapewa cheti cha umahiri. Ukishindwa unarudi kujifunza, na kushindwa mara ya kwanza si aibu hata kidogo. Ningependa madereva wengi zaidi washindwe pale, mbele ya mkaguzi, kuliko kwenye makutano.

Ukiwa na cheti hicho, leseni ya kujifunzia, TIN na fomu iliyojazwa, unakwenda TRA. Kazi yao ni fupi kuliko watu wanavyodhani. Wanachukua alama za vidole, picha na saini, taarifa zinahakikiwa na polisi, unapewa kumbukumbu namba ya malipo, unalipa benki au kwa simu, kadi inachapishwa. Mfumo huu wa kadi ulianza mwaka 2010. Leseni ya miaka mitano kwa shilingi 70,000 ilikuja na bajeti ya mwaka 2019/20. Kabla ya hapo ilikuwa miaka mitatu kwa shilingi 40,000. Bajeti husomwa kila Juni na ada hubadilika, kwa hiyo thibitisha viwango TRA kabla hujatoa hela.

Liko jambo ambalo hata madereva wazoefu hulikosea, nalo ni madaraja. Kuwa na leseni hakukupi ruhusa ya kuendesha kila chenye usukani. Daraja B ni la gari la kawaida lisilo la biashara. D inaongeza magari ya biashara yasiyo mazito na yasiyobeba abiria kwa nauli. E inakufikisha kwenye malori. C na ndugu zake ni za abiria: C1 ni ya mabasi ya abiria 15 hadi 30, na C yenyewe ni ya yale ya abiria 30 na kuendelea. Huwezi kuiomba C leo kwa kuwa umepata kazi ya basi la Mwanza. Sheria inataka uwe umekaa na C1 au E kwa miaka isiyopungua mitatu. Hiyo miaka mitatu naiunga mkono kwa moyo wote. Basi lililojaa halifunzwi kwa wiki mbili. Breki zake, uzito wake kwenye mteremko wa Kitonga, usingizi wa saa tisa usiku, hayo mtu huyajua kwa kukaa kwenye vyombo vidogo kwanza.

Dereva wa abiria ana shule yake ya ziada, na Chuo cha Taifa cha Usafirishaji, NIT, pale Mabibo, ndicho kinachojulikana zaidi kwa mafunzo hayo. LATRA, mamlaka inayodhibiti usafiri wa ardhini, nao huwapima na kuwathibitisha madereva wa vyombo vya biashara. Wasomaji watakumbuka Aprili 2015, madereva wa mabasi walipogoma na abiria wakakwama Ubungo. Moja ya malalamiko yao lilikuwa agizo la kurudi darasani kila wanapohuisha leseni, kwa gharama zao wenyewe. Walidai pia mikataba ya kazi, na madai hayo yalikuwa ya haki. Hili la darasa nalo lilikuwa na hoja upande wa hela, kwa sababu dereva asiye na mkataba wala mshahara wa uhakika hawezi kujilipia masomo na huku amepoteza siku za kazi. Lakini darasa lenyewe halikuwa adui yao. Wamiliki wa mabasi ndio wanaopaswa kulilipia, kama wanavyolipia matairi.

Kwa bodaboda hali ni ngumu zaidi. Pikipiki isiyozidi cc 125 ni daraja A1, inayozidi hapo ni A, na Bajaji ni A2. Kijana aliyejifunzia ya cc 125 akapewa Boxer ya cc 150 kwa mkataba wa kumletea tajiri hesabu kila siku ameshavuka daraja bila kujua. Na mara nyingi hana leseni yoyote. Tajiri ana haraka ya hesabu, kijana ana njaa, na siku tatu nne za kwenda polisi na TRA ni siku zisizo na chakula nyumbani. Wanapokamatwa, faini ya kosa moja ni shilingi 10,000. Faini tisa zinapita gharama ya leseni nzima niliyoitaja juu. Hesabu hiyo wakielezwa wanaielewa, ila hakuna aliyekaa nao kijiweni kuwaeleza. Polisi, TRA na halmashauri wakiandaa siku za mafunzo na mtihani kwenye kata, vijana hawa watajitokeza. Na tajiri anayempa kijana pikipiki bila kuulizia leseni abanwe naye, asiachwe nyumbani akisubiri hesabu.

Kuna bima pia. Bima ya mtu wa tatu ni ya lazima kisheria kwa kila chombo cha moto barabarani, na kila mwenye gari anaikata. Wachache husoma yaliyoandikwa ndani. Mikataba hiyo hutaka aliyekuwa akiendesha awe na leseni halali ya daraja husika. Siku ya ajali, kampuni itaomba kadi ya dereva kabla ya kitu kingine. Ikikutwa imekwisha muda, au herufi si yake, mwenye gari ajiandae kwa mgogoro mrefu, na majeruhi wanakaa wodini wakisubiri.

Wewe uliye na leseni tayari, itoe sasa uitazame. Soma tarehe ya kuisha, kisha soma madaraja uliyoandikiwa. Kama unaendesha chombo ambacho daraja lake halimo, acha kukiendesha na uende polisi ukaombe kupimwa. Kama tarehe inakaribia, nenda TRA mapema. Kama kadi imepotea, chukua ripoti ya upotevu polisi uombe nyingine. Na wewe unayeanza, anza na jina lako NIDA, kisha tafuta shule yenye mwalimu atakayekusimamisha mlimani.