Mumiani: Kutoka Dawa hadi Kiumbe

Mumiani, kwa asili, si kiumbe. Ni dutu nyeusi mfano wa gundi, iliyotumiwa kama dawa katika mwambao wa Afrika Mashariki. Jina lake lina asili ya Kiajemi. Kamusi ya Frederick Johnson ya 1939 inaeleza kwamba wenyeji wengi waliiamini kuwa damu ya binadamu iliyoganda, na kwamba uvumi wa kusakwa kwake uliwafungia watu majumbani baada ya jua kutua.

Hofu hiyo ndiyo iliyomzaa kiumbe, na upatanisho wa kisarufi unamfichua. “Mumiani imeuzwa” ni bidhaa (I-ZI). “Mumiani amekuja” ni mnyonya damu (A-WA). Nomino yenyewe haikuongezewa kiambishi chochote.

Enzi ya ukoloni ilimvika sare: wazimamoto wa Nairobi na Kampala walituhumiwa kunyonya damu. Luise White, katika kitabu chake cha 2000, hazichukulii tuhuma hizo kuwa upuuzi, bali njia ya watu kuusimulia utawala uliowakalia. Hoja hiyo ni nzito, ingawa haigusi sarufi. Maana msemaji wa leo asiyeamini hata chembe, akimtaja mnyonya damu huyo, bado husema “amekuja”. “Imekuja” ingemrudisha dukani kwa muuza dawa.