Kilichobaki cha sheria ya Obama

Nyangezi, Kivu Kusini, mashariki mwa Kongo, si mji wa migodi. Ni mashamba ya muhogo na maharage, soko, shule za Wamaristi, na malori yanayopumzika kabla ya kushuka mteremko wa Ngomo kuelekea Kamanyola. Lakini iko katika teritwari ya Walungu, na Walungu ndiyo yenye Nzibira na kasiteriti yake, madini ya bati. Kijana wa hapa akikosa karo hahitaji kuelekezwa njia ya machimboni. Ndiyo maana kanuni wanazowekewa watengenezaji wa magari ya umeme Marekani na Ulaya humfikia hata yeye, ingawa hajawahi kuliona gari la namna hiyo.

Gari hilo likitajwa, watu hukimbilia kobalti. Kobalti ni ya Kolwezi, kusini mwa nchi. Mchango wa Kivu ni wa kimyakimya zaidi: tantalamu, itokayo kwenye koltani, hutengeneza kapasita ndogo za vifaa vya elektroniki, na bati ndilo lehemu inayoshikilia vifaa hivyo. Gari la petroli nalo linavihitaji. La umeme, ambalo betri na mota yake huongozwa na mitambo ya elektroniki, haliwezi kutembea bila hivyo.

Tarehe 21 Julai 2010 Obama alitia saini sheria kubwa ya mabenki, Dodd-Frank, na ndani yake kifungu cha 1502. Kampuni yoyote iliyo kwenye soko la hisa la Marekani ilitakiwa kueleza kama bati, tantalamu, tangsteni au dhahabu yake ilitoka Kongo au nchi jirani. Huku Kivu watu hawakuijua Dodd-Frank. Waliiita sheria ya Obama. Septemba mwaka huohuo Rais Kabila akafunga uchimbaji wa mikono Kivu zote mbili na Maniema, akaufungua tena Machi 2011. Ilipofunguliwa, wanunuzi wakubwa walikuwa wamekwisha kuondoka: kununua kwingine ni rahisi kuliko kuthibitisha kwamba mfuko wa hapa ni safi. Komptuari za Bukavu, nyumba zinazonunua na kusafirisha madini, zikadorora; negosian, wale wanunuzi wa kati, wakakosa mtaji, na mchimbaji akauza kwa bei ya kutupa, au akahamia kwenye dhahabu, ambayo hupita mpakani ndani ya mfuko wa suruali.

Nisieleweke kwamba kabla yake mambo yalikuwa shwari. Mgodi wa Bisie, kule Walikale, Kivu Kaskazini, ulikuwa mikononi mwa wanajeshi kwa miaka, na kila mtu alijua. Nia ya sheria ilikuwa ya haki. Kasoro ilikuwa kwenye nani analipa. Mfumo wa kufunga mifuko kwa lebo, ITSCI, ulitozwa kwa tani; msafirishaji akalipa, akamkata negosian, naye negosian akamkata mchimbaji. Gharama ya usafi wa gari la kifahari ikamwangukia mwenye sururu.

Kisha sheria yenyewe ikaanza kulegea. Mwaka 2014 mahakama ya rufaa ya Marekani iliona kwamba kuilazimisha kampuni itangaze bidhaa zake "hazijathibitishwa kuwa hazina mgogoro" kunaingilia uhuru wake wa kusema. Aprili 2017 tume ya masoko ya hisa ikasema haitasukuma tena sehemu iliyokuwa nzito kuliko zote, ile ya uchunguzi wa kina na ukaguzi. Mwaka 2022 shirika la Global Witness likaonyesha jinsi lebo za ITSCI zilivyokuwa zikisafisha madini machafu. Oktoba 2024 wakaguzi wa serikali ya Marekani wakaandika kwamba kanuni ya kifungu cha 1502 haikupunguza vurugu mashariki mwa Kongo. Miezi minne baadaye, katikati ya Februari 2025, waasi wa M23 waliingia Bukavu, na vita vikaifuata barabara ileile kwenda Kamanyola.

Linganisha na kobalti. Februari hiyohiyo Kinshasa ilisimamisha mauzo yake ya nje, na Oktoba ikaweka kiwango: tani 96,600 kwa mwaka 2026, na tani hizohizo kwa 2027. Bei ilipanda, kwa sababu sehemu kubwa ya kobalti ya dunia ni ya Kongo na migodi yake iko kwenye eneo linalodhibitiwa na serikali. Silaha hiyo nayo ina kutu: Tesla ilitangaza mwaka 2021 kwamba magari yake ya kawaida yatahamia betri za chuma na fosfeti, zisizo na kobalti hata chembe. Lakini angalau Kolwezi serikali ina mlango wa kufunga. Koltani ya Rubaya, Kivu Kaskazini, iko chini ya M23 tangu 2024, na agizo la waziri haliwezi kuufunga mlango ambao ufunguo wake anao mwingine.

Ulaya nayo ilipitisha kanuni ya betri mwaka 2023, ikiwataka wanaouza betri, za magari ya umeme zikiwemo, wachunguze asili ya madini yake. Wajibu huo ulipaswa kuanza Agosti 2025. Umesogezwa hadi Agosti 2027. Orodha yake ina majina manne: kobalti, lithiamu, nikeli na grafiti. Bati na tantalamu hazimo. Zimeachiwa kanuni nyingine ya Ulaya, ya mwaka 2017, inayomhusu anayeingiza madini na metali ghafi. Gari likishushwa bandarini likiwa zima, tantalamu yake ikiwa imekwisha kuwa kapasita, kanuni hiyo haimuulizi mwenye gari kitu.