Terry Hirst: Mchoraji Aliyeipa Hadithi Uso

Tunapoihakiki fasihi ya watoto, aghalabu tunaanza na maneno na kuishia papo hapo. Picha huhesabiwa kuwa pambo tu. Makala haya yanamtazama mchoraji ambaye kazi yake yanifanya niitilie shaka desturi hiyo.

Terry Hirst alizaliwa Brighton, Uingereza, mwaka 1932, akaja Kenya mwaka 1965. Alisomesha sanaa katika Chuo cha Kenyatta, ambacho siku hizi ni chuo kikuu, na vibonzo vyake vikawa vikichapishwa katika gazeti la Daily Nation. Mwaka 1973, yeye na mwanahabari Hilary Ng'weno walianzisha jarida la Joe, lililodumu hadi 1979. Joe alikuwa mtu wa kawaida wa mjini, mwenye kuyakabili madhila ya kila siku kwa mzaha. Hirst alifariki mwaka 2015.

Kwetu sisi wa Kiswahili, hata hivyo, kazi yenye uzito zaidi ni Pichadithi, mfululizo wa vitabu vya katuni wa miaka ya 1980. Jina lenyewe ni somo la uundaji wa maneno: picha na hadithi zimegongana, silabi moja ikamezwa, neno likazaliwa. Humo masimulizi ya jadi yalichorwa upya: Lwanda Magere wa Waluo, na Abunuwasi wetu wa pwani.

Abunuwasi nilimjua kwanza kwa bibi yangu, barazani Tudor. Alipotusimulia kisa cha sufuria iliyozaa, na baadaye ikafa, sauti yake ilikuwa kavu kama ya kadhi, ila jicho moja lilifumba kidogo. Jicho lile ndilo lililotufahamisha kwamba jirani ananaswa. Kisa hicho kikiandikwa kwa maneno matupu, jicho hupotea, na mwandishi hulazimika kueleza ujanja ambao fanani hakuueleza kamwe. Mchoraji halazimiki. Huchora nyusi, bega lililopandishwa, mkono ulio nyuma ya mgongo, na mtoto asiyejua kusoma bado akacheka mahali panapostahiki.

Kwa hiyo naona ni kosa kuuweka utendaji upande wa fasihi simulizi pekee, na kuliondoa jina la mchoraji katika tahakiki zetu. Nakala ya Pichadithi tuliyokuwa nayo nyumbani, urithi wa ami yangu, haina jalada tena, na kurasa mbili zimeliwa na mchwa. Bibi hakujua kusoma, lakini alikuwa akiifungua, akawasimulia wajukuu kwa kufuata picha.