Abraham Verghese, daktari aliyeanza Marekani kwa kubeba boksi

Tangu mwaka 2023, riwaya ya The Covenant of Water ilipotoka na Oprah Winfrey akaiteua kwa klabu yake ya vitabu, jina la Abraham Verghese limekuwa likitajwa hata kwenye mazungumzo yetu ya ughaibuni. Wengi wanamjua kama daktari Mhindi wa Marekani anayeandika riwaya nene. Maelezo hayo yanaacha upande unaotuhusu zaidi: huyu ni mtoto wa Addis Ababa, na alipofika Marekani hospitali hazikumpokea kama daktari. Alianza kwa kubeba boksi, kama wengi wetu.

Alizaliwa mwaka 1955. Wazazi wake walikuwa walimu kutoka Kerala, kusini mwa India, waliofika Ethiopia wakati serikali ya Mfalme Haile Selassie ikiajiri walimu wengi wa Kihindi. Msomaji aliyekulia jirani na Wahindi wa Mombasa, Dar es Salaam au Kampala anaijua hali ya watoto kama hao: wamezaliwa hapo, wanacheza hapo, lakini kila mara kuna mtu wa kuwauliza kwao ni wapi. Verghese amesema kilichomvuta kwenye udaktari ni riwaya, Of Human Bondage ya W. Somerset Maugham, ambaye naye alisomea udaktari London kabla ya kuishi kwa kalamu.

Akaingia chuo kikuu cha Addis. Mwaka 1974 wanajeshi wakampindua mfalme na masomo yakavurugika. Miongoni mwa wanafunzi wa udaktari wa miaka hiyo alikuwamo Meles Zenawi, aliyeacha darasa akaingia msituni na baadaye akawa Waziri Mkuu. Verghese hakuwa na msitu wa kwenda. Akawafuata wazazi wake, ambao walikuwa wameshahamia Marekani.

Huko masomo yake ya nusu hayakuhesabika. Ili asome udaktari ilibidi aanze upya na shahada ya kwanza. Akachukua kazi ya mhudumu katika hospitali na nyumba za wazee: kuwageuza wagonjwa vitandani, kuwasafisha, kubadilisha shuka, kusukuma machela. Ndugu zetu wangapi wamepita hapo! Mtu ana digrii ya Mlimani au ya Makerere, anaingia zamu saa tano usiku, anatoka saa moja asubuhi, na nyumbani wanaambiwa tu kwamba "yuko hospitali". Najua watu wanaowaficha hata mama zao. Verghese ameisimulia kazi hiyo waziwazi, tena kwa shukrani, kwa sababu ndiyo iliyomwonyesha siku ya mgonjwa inavyokwenda daktari akishaondoka. Daktari anapita kwa dakika chache. Saa zote zilizobaki ni za mhudumu na muuguzi. Usiku mmoja akiwa kazini akakuta kitabu kikubwa cha Harrison cha tiba ya ndani, kimeachwa na mwanafunzi wa udaktari. Akakisoma, na hamu ikarudi. Akaenda India, akamaliza masomo katika Madras Medical College mwaka 1979.

Mimi naamini kila alichoandika baadaye kimetoka kwenye zamu zile.

Aliporudi Marekani mwaka 1980 aliingia kwa mlango wa madaktari waliosomea nje. Hospitali zenye majina makubwa zilikuwa na watu wao. Nafasi zilizobaki zilikuwa kwenye hospitali za umma za mitaa maskini na kwenye miji midogo ambako wenyeji hawakutaka kwenda. Yeye akaangukia Johnson City, Tennessee, chini ya milima ya Appalachia. Akaenda Boston miaka miwili kubobea kwenye magonjwa ya kuambukiza, kisha mwaka 1985 akarudi kwenye mji uleule.

Johnson City ulikuwa na watu wapatao 50,000, na UKIMWI ulidhaniwa kuwa ugonjwa wa New York na San Francisco. Wagonjwa wakaanza kuingia kliniki yake, mmojammoja, hatimaye makumi. Verghese akatandaza ramani sakafuni akatia alama mahali anapoishi kila mgonjwa. Kwenye ramani nyingine, ya Marekani nzima, akatia alama walikokuwa wakiishi zamani, na hizo zikaangukia miji mikubwa. Hapo akaelewa. Vijana waliozaliwa milimani, wengi wao mashoga, walihamia mijini wakaishi kwa uhuru, wakaambukizwa huko, na sasa walikuwa wanarudi kwa wazazi wao kufa. Matokeo hayo yalichapishwa katika jarida la kitabibu mwaka 1989.

Sisi safari hiyo tunaijua. Tanzania ilitambua wagonjwa wake wa kwanza Kagera mwaka 1983, na kwa miaka mingi baada ya hapo vijiji vyetu viliwapokea watu wanaoshuka basi wamekonda, mama anatandika kitanda chumba cha nyuma, majirani wanapunguza kuja. Kote kuwili dawa za kurefusha maisha kama za leo hazikuwapo. Verghese alikuwa akiwafuata wagonjwa majumbani, anakaa nao, anawapima kwa mikono yake hata pale ambapo kipimo kisingebadilisha chochote. Amesimulia habari za mgonjwa aliyebaki mifupa mitupu, hana nguvu ya kusema. Daktari alipokaribia kitanda, vidole vya yule mgonjwa vikaanza kuhangaika na vifungo vya pajama, afungue kifua kipimwe kama siku zote.

Kazi hiyo ilimchosha. Akaacha ajira, akachukua akiba yake ya uzeeni, akaenda na mke na watoto wadogo kusomea uandishi Iowa, akamaliza mwaka 1991. Kitabu chake cha kwanza, My Own Country, kuhusu miaka ya Tennessee, kikatoka mwaka 1994. Filamu yake iliongozwa na Mira Nair, yuleyule aliyetengeneza Mississippi Masala kuhusu Wahindi waliofukuzwa Uganda.

Riwaya alikuja nayo baadaye, akiwa amepita umri wa miaka 50. Cutting for Stone, ya mwaka 2009, inawafuata mapacha waliozaliwa katika hospitali ya misheni Addis, mama yao mtawa akafa wakati wa kujifungua na baba yao daktari wa upasuaji akatoroka. Pacha mmoja anaishia hospitali ya watu maskini Bronx, ambako madaktari karibu wote ni wageni. Mwingine, bila kusomea udaktari darasani, anakuwa bingwa wa kutibu fistula, ambayo pia huitwa nasuri. Sehemu hii haikutoka hewani: madaktari Catherine na Reginald Hamlin walifika Addis mwaka 1959 na kuanzisha hospitali ya fistula, na leo wanawake wa kwetu wanafanyiwa upasuaji huohuo CCBRT, Dar es Salaam. Kwangu hizo ndizo kurasa zake bora. Zinaeleza kitanda kilicholowa na mume aliyeondoka, na zinamwacha mwanamke na heshima yake yote.

The Covenant of Water ilianzia kwenye daftari la mama yake, Mariam, aliyemwandikia mjukuu wake jinsi maisha yalivyokuwa Kerala alipokuwa mtoto. Inaanza mwaka 1900 na kumfuata binti na ukoo ambao katika kila kizazi mtu mmoja hufa maji. Sababu yake ni ya kitabibu, na sitaitaja.

Tangu mwaka 2007 Verghese anafundisha Stanford, ambako ameanzisha mafunzo ya kumpima mgonjwa kitandani kwa macho, masikio na mikono. Analalamika kwamba madaktari siku hizi wanamshughulikia mgonjwa aliye kwenye kompyuta huku yule wa kitandani akisubiri. Wahudumu wa usiku wameona hayo kabla yake.

Kama hujawahi kumsoma, anza na My Own Country. Ni kifupi kuliko riwaya zake, na kila mtu aliyemo alikuwa mtu wa kweli.