Greenland: Nchi ya Barafu na Watoto Wake Vitabuni

Katika nyumba zetu nyingi kitabu huhesabiwa kuwa kitu cha shule. Mtihani ukiisha, kitabu hufungwa na kutupwa juu ya kabati. Mwezi huu tungependa kina mama wakifungue tena, na tumewachagulia vitabu vilivyozaliwa na nchi moja ya mbali sana iitwayo Greenland.

Huenda mtauliza, nchi ya barafu inatuhusu nini sisi tunaopika huku jasho linatutiririka? Inatuhusu. Tulipovilinganisha vitabu hivi tuliona kwamba chini ya habari zote za theluji, mbwa na dubu weupe, kuna habari moja inayorudi kila mara: habari ya mtoto, na ya yule aliyepewa kumlea. Hiyo hakuna mama asiyeielewa.

Nchi yenyewe

Greenland ni kisiwa kikubwa kuliko visiwa vyote duniani. Eneo lake ni zaidi ya kilomita za mraba 2,160,000, yaani zaidi ya mara mbili ya Tanzania. Lakini watu wake wote hawafiki 60,000. Sehemu kama nne katika tano za nchi zimefunikwa na barafu mwaka mzima, ndiyo maana watu wanakaa pwani. Kaskazini, katika mji wa Qaanaaq, jua likizama mwishoni mwa Oktoba halionekani tena hadi katikati ya Februari. Wakati wa kiangazi mambo hugeuka, na kwa miezi kadhaa jua halitui kabisa.

Nchi hiyo iko katika ufalme wa Denmark, ila tangu mwaka 1979 ina serikali yake ya ndani. Wenyeji wake wengi ni Wainuiti. Vitabu vya zamani huwaita Waeskimo, jina ambalo wengi wao hawalipendi.

Wasafiri wa kale waliandika sana juu ya wanaume wawindaji. Lakini msomaji mwanamke ataona upesi nani aliyeishikilia nyumba. Katikati ya nyumba palikuwa na taa ya jiwe laini iitwayo qulleq, yenye umbo la nusu mwezi. Iliwaka kwa mafuta ya sili au nyangumi, na utambi wake ulikuwa mimea midogo iliyokaushwa. Taa hiyo ndiyo iliyopikia, iliyotia joto, iliyokaushia nguo na kuyeyushia barafu ili yapatikane maji ya kunywa. Mtunzaji wake alikuwa mama. Yeye pia ndiye aliyeshona nguo za ngozi kwa uzi wa mishipa ya wanyama. Mshono wake ukipitisha maji, mume aliyeko baharini angeweza kufa kwa baridi. Kwa hiyo sindano ya mke ilikuwa na thamani sawa na mkuki wa mume.

Kijana wa Togo

Kitabu cha kwanza kimeandikwa na Mwafrika mwenzetu, Tété-Michel Kpomassie, aliyezaliwa Togo mwaka 1941. Akiwa kijana alipanda mnazi, akakutana na nyoka, akaanguka na kuumia. Baba yake akampeleka porini kwa kuhani wa kike wa ibada ya chatu, akatibiwa. Malipo yaliyotakiwa ni kwamba kijana huyo aje awe mtumishi wa ibada hiyo, aishi na machatu.

Katika siku zile za hofu alikutana, mjini Lomé, na kitabu cha Mfaransa Robert Gessain juu ya watu wa Greenland. Akasoma kwamba huko hakuna nyoka, wala hakuna miti ya kuwaficha. Basi akaamua kwenda, akatoroka nyumbani akiwa na umri wa miaka 16.

Safari ilimchukua miaka minane. Alipita nchi za Afrika Magharibi akifanya kazi hapa na pale, akajifunza lugha kwa juhudi yake mwenyewe, akafika Ufaransa, Ujerumani, kisha Denmark. Mwaka 1965 akashuka melini kusini mwa Greenland. Watu waliokuja gatini walinyamaza kimya walipomwona mtu mweusi, mrefu kuliko wote, na watoto wakajificha nyuma ya mama zao.

Lakini milango ilifunguliwa. Familia moja baada ya nyingine ilimkaribisha na kumlisha. Yeye hakuandika sifa tupu. Anaeleza pia ulevi na uvivu aliouona katika miji ya kusini, na ndiyo maana akaelekea kaskazini kuwatafuta wawindaji. Huko Upernavik alikaa na mzee mmoja ambaye alikuwa amebandika kurasa za magazeti kwenye kuta za nyumba yake ya udongo. Kuta hizo ndizo zilizokuwa maktaba yake.

Kitabu hicho kilitoka kwa Kifaransa mwaka 1981, na tafsiri ya Kiingereza iitwayo *An African in Greenland* ikafuata. Tunakipenda kwa sababu tumezoea kusoma namna wageni walivyotuona sisi Waafrika. Hapa ni Mwafrika anayetazama, naye anatazama kwa heshima, akilinganisha mambo na kwao bila kudharau upande wowote.

Mojawapo ya mambo yatakayomshangaza mzazi wa Kiafrika ni malezi ya watu hao. Kwa desturi ya Wainuiti, mtoto hupewa jina la mtu aliyefariki karibuni, na huhesabiwa kwamba kitu cha yule marehemu kimerudi ndani yake. Bibi anaweza kumwita mjukuu wake "mume wangu" kwa kuwa amechukua jina la babu. Basi nani atamchapa fimbo mtoto kama huyo? Sisi tunaowapa watoto majina ya bibi na babu zao hatuko mbali nao sana, ingawa katika habari ya fimbo huenda tukapishana.

Watoto wawili wa safari moja

Mwaka 1891 mama mmoja wa Kimarekani, Josephine Peary, alifuatana na mumewe, mpelelezi Robert Peary, hadi kaskazini mwa Greenland. Watu wengi walimwona kama mwenda wazimu. Aliandika habari za mwaka huo katika kitabu *My Arctic Journal*, kilichotoka mwaka 1893. Mwaka huohuo alirudi tena akiwa mjamzito, na tarehe 12 Septemba akajifungua binti. Mtoto alikaa karibu miezi minne bila kuliona jua. Wenyeji walikuja kutoka mbali kumgusa, wapate kujua kama mtoto mweupe vile ni wa nyama au wa theluji. Mwanamke mmoja wa Kiinuiti aitwaye Ahnighito alimshonea nguo yake ya kwanza ya manyoya. Kwa shukrani, mtoto akaitwa Marie Ahnighito. Mama yake alimwandikia kitabu chenye picha, *The Snow Baby*, mwaka 1901. Kinasomeka vizuri na watoto hadi leo, ingawa msomaji atakutana na maneno ya kuwadharau wenyeji, kama ilivyokuwa kawaida ya wakati ule.

Lakini rafu hiyohiyo ina kitabu kingine, na tunaomba visomwe pamoja. Mwaka 1897 Robert Peary aliwachukua Wainuiti sita melini, akawapeleka New York kwenye jumba la makumbusho. Kati yao alikuwamo mwanamume aitwaye Qisuk na mwanawe mdogo Minik, aliyekuwa na umri wa miaka kama sita au saba na ambaye alikwisha kufiwa na mama. Kabla mwaka haujapita, wanne kati ya sita walikuwa wamekufa kwa kifua kikuu, na Qisuk mmoja wao.

Wakuu wa jumba hilo walifanya mazishi mbele ya mtoto. Kumbe kilichozikwa ni gogo lililofunikwa ngozi. Mifupa ya baba yake iliwekwa katika jumba la makumbusho. Minik alikuja kujua baadaye, akaomba apewe baba yake akamzike. Hakupewa. Alirudi Greenland mwaka 1909 akiwa ameisahau lugha yake. Baada ya miaka michache akarudi Marekani, akafa kwa homa kali ya mafua mwaka 1918. Habari zake zimeandikwa na Kenn Harper katika kitabu *Give Me My Father's Body* cha mwaka 1986. Mwaka 1993 mifupa ya wale wanne ilirudishwa na kuzikwa Qaanaaq.

Mtoto mmoja alishonewa manyoya na mwanamke wa kabila lingine. Mtoto mwingine alizikiwa gogo. Mtu aliyesoma kitabu cha kwanza peke yake hajajua nusu ya habari.

Mama na mwana wasioelewana

Kitabu kingine kimeandikwa na mtoto mwenyewe, alipokuwa mtu mzima. Mwaka 1951 watoto 22 wa Greenland walichukuliwa na kupelekwa Denmark. Wakubwa walitaka kuwafanya Wadenmark wadogo, ili baadaye wawe kielelezo kwa nchi yao. Helene Thiesen alikuwa na miaka saba, na mama yake alikuwa mjane wa juzijuzi. Wageni walimwomba ruhusa wakimweleza kwamba mtoto atapata elimu nzuri. Mwanzoni alikataa, mwishowe akakubali.

Mwaka uliofuata 16 kati yao walirudishwa, na sita wakabaki huko wakiwa wamelelewa na familia za Kidenmark. Helene alimwona mama yake bandarini, akamkimbilia, akamwaga maneno yote aliyokuwa ameyaweka. Mama akajibu, lakini hakuna aliyemwelewa mwenzake. Mtoto alikuwa amebaki na Kidenmark tu. Wala hakwenda nyumbani usiku ule. Watoto walipelekwa moja kwa moja kwenye nyumba ya kulelea watoto, wakakatazwa kusema lugha ya kwao.

Helene alikuwa na miaka 52 alipopata kujua kwamba lile lilikuwa jaribio. Kitabu chake kilitoka mwaka 2011, na jina lake maana yake ni "Kwa Bidii na Mwenendo Mwema". Waziri Mkuu wa Denmark aliomba radhi mwaka 2020, na mwaka 2022 akawaomba radhi ana kwa ana wale sita waliokuwa wamebaki hai. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Lakini katika kitabu hiki uchungu unasemwa na mwana.

Wenyewe waliposhika kalamu

Isidhaniwe kwamba watu wa Greenland waliandikwa tu na wageni. Kusoma kulifika kwao pamoja na Injili. Mchungaji Hans Egede alifika mwaka 1721 na mkewe Gertrud Rask na watoto wao wanne. Ndui ilipozuka mwaka 1733, Gertrud aliwauguza wagonjwa hadi nguvu zake zikaisha, akafariki mwaka 1735. Mwana wao Poul, aliyejifunza lugha kwa kucheza na watoto wenzake, ndiye aliyelitafsiri Agano Jipya lote, likachapishwa mwaka 1766. Mwaka 1861 wenyeji wakapata gazeti kwa lugha yao, na mwaka 1914 mchungaji wa Kigreenland, Mathias Storch, akatoa riwaya ya kwanza ya lugha hiyo.

Mwaka 1981 ikatoka riwaya ya kwanza iliyoandikwa na mwanamke wa nchi hiyo, Mâliâraq Vebæk, aliyekuwa mwalimu. Ni habari ya Katrine, aliyeolewa na Mdenmark na kuhamia kwao, na upweke uliomla akiwa katikati ya watu. Mama yeyote aliyehamia mji asioujua kwa ajili ya ndoa ataielewa bila kuelezwa.

Tunapowasomea watoto

Vitabu vya Josephine Peary ni vya zamani mno hata hakimiliki yake imekwisha, kwa hiyo vinapatikana bure kwenye intaneti. Asiyesoma Kiingereza anaweza kusimuliwa na binti yake aliye sekondari, naye akawasimulia wadogo jioni.

Tunapofanya hivyo, tuwazoeze watoto kuuliza maswali mawili juu ya kila kitabu cha nchi ya mbali. Ni nani anayesimulia? Na mtoto wa wenyeji yuko wapi katika habari hii? Mtoto aliyezoea kuuliza hivyo juu ya Greenland atauliza hivyohivyo atakaposoma habari za kwao, wala hatadanganywa kwa urahisi.

Tena kuna jambo la nyumbani. Wako wazazi wanaofurahi mtoto wao asipojua neno hata moja la lugha ya bibi, wakidhani hiyo ndiyo elimu. Wawakumbuke Helene na mama yake pale bandarini. Mwanamke yule aliambiwa kwamba mwanawe anakwenda kupata maisha bora, na mtoto akarudi mzima. Lakini hawakuweza hata kusalimiana. Mtoto ajifunze Kiingereza, ajifunze na Kifaransa kama aweza, lakini akija likizo bibi amwulize habari za safari, naye awe na lugha ya kumjibu.