Rufaa Isifungwe Kabla Haijasomwa

Karani anatoka mlangoni na kuita jina la mrufani, kisha analiita tena. Hakuna anayeitika. Wakili wa mrufaniwa anaomba rufaa itupiliwe mbali, na Amri ya 39, Kanuni ya 17 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inampa hakimu au jaji uwezo wa kukubali. Inampa uwezo tu, haimlazimishi. Kwa mashauri yaliyoanzia Mahakama ya Mwanzo, kanuni za rufaa za mwaka 1964 zina utaratibu unaofanana na huo. Angekosekana mrufaniwa, rufaa ingesikilizwa upande mmoja na mrufani bado angetakiwa kuishawishi mahakama. Akikosekana mrufani, sababu zake zinaweza kufungwa bila mtu kuzisoma, na hapo ndipo naona uwezo huu unatumika kwa wepesi usiostahili.

Asiyefika kwenye kesi ya awali anaiacha mahakama bila ushahidi wake. Rufaa ni tofauti: mashahidi wamekwisha kuhojiwa, mwenendo na hukumu vimo jaladani, sababu za rufaa zimeandikwa. Mahakama ya Rufani yenyewe imelikubali hilo. Kwa Kanuni zake za mwaka 2009, kanuni ya 112, aliyewasilisha hoja kwa maandishi asipofika, rufaa huhesabiwa kuwa imejadiliwa. Kinga hiyo humfaa zaidi mwenye wakili. Mkulima wa viazi wa Makambako anayekwenda Mahakama ya Wilaya mjini Njombe ana karatasi moja ya sababu, pengine aliyochapiwa dukani. Kwa nini karatasi hiyo isisomwe?

Makambako ipo kwenye makutano ya barabara kuu ya Tanzania na Zambia na ile ya Songea, reli ya TAZARA inapita hapo hapo, kwa hiyo mtu wa mbali atasema usafiri si kisingizio. Lakini Njombe ni takriban kilomita 60, na kwa miaka mingi rufaa za huku kwenda Mahakama Kuu zilifuatwa Iringa, maana Njombe haikuwa mkoa hadi mwaka 2012. Nauli moja si neno. Kinachochosha ni shauri kuja kwa kutajwa tu, kisha tarehe kusogezwa, katikati ya masika. Aliyefika mara tatu akakosa ya nne anaweza kuandikiwa amri ile ile ya asiyewahi kuonekana.

Watasema mshindi naye ana haki ya kula ushindi wake. Ni kweli, ila kukata rufaa peke yake hakuzuii kukaza hukumu. Kanuni ya 5 ya Amri ya 39 imeliweka wazi hilo, na usumbufu wa siku moja hulipwa kwa gharama. Watasema pia mlundikano wa mashauri. Hoja hii ina uzito mdogo kuliko inavyosikika: rufaa ikitupwa, mrufani ana siku 30 za kuomba irejeshwe, kwa kiapo chake na kiapo kinzani cha mwenzake; akikataliwa, anaweza kukata rufaa juu ya kukataliwa huko. Jalada lililofungwa limezaa mengine, na shamba linalogombaniwa bado halijaguswa.

Wapo wanaokata rufaa ili kuchelewesha, na hao sina huruma nao. Shauri la Kenya la Shah dhidi ya Mbogo, la mwaka 1967, bado linatajwa kwa kutenganisha aliyepatwa na ajali au kosa linalosameheka na anayekwepa haki makusudi. Tofauti hiyo haionekani kwa kuita jina mlangoni. Inaonekana jaladani: je, kuna uthibitisho kwamba hati ya wito ilimfikia, amehudhuria mara ngapi, na kuna namba ya simu ambayo haijapigwa? Hakimu akiandika majibu ya maswali hayo ndani ya amri yake, hata akiamua kuitupa rufaa, atakayesikiliza ombi la kuirejesha hatalazimika kukisia kilichojulikana siku ile.