Kigawo na kigawe: irabu moja, majibu mawili

Kigawo (nomino, ngeli ya KI-VI; wingi: vigawo) ni namba inayogawa namba nyingine bila kubakisha kitu. Kigawe (wingi: vigawe) ni namba inayogawanyika kwa namba nyingine bila baki. Hivyo 6 ni kigawo cha 24, na 24 ni kigawe cha 6. Maneno haya hutofautiana kwa irabu ya mwisho tu, na anayeyachanganya hukokotoa kitu kingine kabisa.

Maana iliyomo katika umbo

Nomino zote mbili zimetokana na kitenzi *gawa*. Katika ngeli ya KI-VI, irabu tamati *-o* mara nyingi huonyesha chombo cha kutendea: *kizibo* huziba, *kifuniko* hufunika. Irabu *-e* hubeba maana ya kutendwa: *kiumbe* ni kilichoumbwa, *mtume* ni aliyetumwa, *mteule* ni aliyeteuliwa. Kwa mantiki hiyohiyo, kigawo hugawa, kigawe hugawiwa.

Maneno *-a shirika* yana maana ya kumilikiwa kwa pamoja, kama katika *mali ya shirika*. Kwa hiyo Kigawo Kikubwa cha Shirika (KKS) ni namba kubwa kuliko zote zinazoweza kugawa namba mbili au zaidi zilizotajwa. Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS) ni namba ndogo kuliko zote zinazogawanyika kwa namba hizo.

Mfano wa uzio

Wilaya za Mbulu na Hanang, mkoani Manyara, ni mahali panapofaa kuonyesha umuhimu wa tofauti hii. Watoto wengi wa huko huanza shule wakizungumza nyumbani Kiiraqw, lugha ya Kikushi, au Kidatoga, lugha ya Kinailoti. Kiswahili, ambacho ni lugha ya Kibantu, ndicho wanachosomea Hisabati katika shule za msingi. Mtoto wa aina hiyo hakukua akisikia *kizibo* na *kiumbe* jikoni kwao. Kwake *-o* na *-e* zaweza kuonekana kama tofauti ya tahajia tu, mpaka mwalimu amfafanulie.

Tuseme familia moja ina shamba la mstatili lenye urefu wa mita 84 na upana wa mita 60, na inataka kulizungushia uzio ili mifugo isiingie. Nguzo ziwe na nafasi sawa pande zote, kila pembe iwe na nguzo, na nguzo zitumike chache iwezekanavyo. Nafasi hiyo lazima igawe 84 na pia igawe 60. Kwa hiyo kinachotafutwa ni kigawo. Kwa namba tasa:

84 = 2 × 2 × 3 × 7
60 = 2 × 2 × 3 × 5

Namba tasa za shirika ni 2, 2 na 3. KKS ni 12. Mzingo wa shamba ni mita 288, na 288 ÷ 12 = 24. Zinahitajika nguzo 24, kila moja mita 12 kutoka kwa mwenzake.

Aliyesoma *kigawe* mahali pa *kigawo* atapata 420, yaani nguzo moja kila baada ya mita 420, ilhali uzio wote ni mita 288.

Njia ya kamba

KKS yaweza kupatikana hata bila kugawa. Euclid, mwanahisabati wa Kigiriki aliyeishi yapata mwaka 300 kabla ya Kristo, aliieleza njia ya kutoa namba ndogo katika kubwa, tena na tena, mpaka namba mbili zilingane:

84 − 60 = 24
60 − 24 = 36
36 − 24 = 12
24 − 12 = 12

Mwenye kamba mbili, moja ya urefu wa shamba na nyingine ya upana, aweza kufanya hivyohivyo kwa mikono: hulaza fupi juu ya ndefu, hukata kilichozidi, kisha hurudia kwa vipande viwili vilivyobaki. Vipande vikilingana, kila kimoja ni nafasi ya nguzo.

Lini KKS, lini KDS

KKS hutumika pale kitu kilichopo kinapogawanywa. Mkulima mwenye kilo 96 za maharage na kilo 72 za vitunguu saumu, anayetaka mifuko ya uzito sawa bila kuchanganya mazao, atafungasha kilo 24 kwa kila mfuko: mifuko 4 ya maharage na 3 ya vitunguu saumu.

KDS hutumika pale mizunguko inapokutana. Kaya moja ikipata zamu ya maji ya mfereji kila siku 6 na nyingine kila siku 8, na leo zimekutana, zitakutana tena baada ya siku 24.

Vipimo vyote viwekwe kwanza katika kizio kimoja na katika namba nzima: mita 1.2 na mita 0.9 huandikwa sentimita 120 na sentimita 90, na KKS yake ni sentimita 30.

Tahadhari kwa walimu na wafasiri

Vivumishi navyo hupotosha. *Kikubwa* humfanya mwanafunzi atarajie jibu kubwa, na *kidogo* jibu dogo, wakati mambo huwa kinyume. KKS haizidi kamwe namba ndogo kati ya zilizotolewa. KDS haipungui kamwe namba kubwa kati yake. Kipimo hiki chatosha kugundua kosa kabla nguzo hazijachimbiwa.

Katika maandishi, istilahi iandikwe kwa ukamilifu inapotajwa mara ya kwanza, ndipo kifupisho kifuate. Vilevile *kigawo* kisichanganywe na *mgawo*, ambao ni tendo la kugawa au sehemu anayopewa mtu.